Muhogo Mmoja wa Mlimani, Miwili ya Msituni

Wiki tatu baada ya kumzika Desanges, binti yake Neema alinitumia picha kwa simu. Nilikuwa Shasha, kando ya ziwa, ambako natengeneza redio na taa za sola tangu mwaka jana, na sijui kama mwaka ujao nitakuwa bado huko. Ilikuwa picha ya ukurasa mmoja wa kaye, zile daftari za mistari za wanafunzi, na mwandiko niliutambua kabla sijavaa miwani. Juu ya ukurasa palikuwa na tarehe: "Siku ya Kuni, mkono wa pili, haragwe la kwanza, muhogo wa pili." Chini ya picha Neema alikuwa ameandika: "Papa, samahani kwa kukusumbua. Hii ni hesabu gani? Kaye ziko saba mu sanduku ya mama, zote ziko na tarehe za hivi. Pasta anasema tuzichome, eti muntu mwenye kuhesabu siku na mihogo anaficha kitu."

Nilimjibu pale pale: "Usichome hata karatasi moja. Hizo siku nilizipanga mimi." Kisha nikaona jibu hilo ni fupi mno kwa mtoto aliyefiwa, nikafunga duka mapema, nikaanza kuandika haya. Kazi nimefanya nyingi. Nimebeba magunia ya mawe Rubaya, nimeuza mkate, nimepasua mbao, nimekuwa kinyozi, na hakuna hata moja niliyoifikisha mwisho. Kalenda ya Saluwe, nchi ya hadithi ya mama yako, niliifikisha mwisho. Ndiyo maana naiandika bila aibu, na ukiona najisifu mahali fulani, Neema, vumilia. Sina pengine pa kujisifia.

Nilipoipanga kalenda hiyo nilikuwa na miaka ishirini na mitatu. Shule nilikuwa nimeiacha zamani, mwaka wa pili wa sekondari. Mwalimu alitufundisha habari za volkano asubuhi, na mchana mimi nikashika njia kwenda kuiangalia kwa macho yangu. Niliporudi baada ya wiki mbili wenzangu walikuwa wamefika kwenye mito, na mito nilikuwa nimeiona tayari. Miguu yangu ikanifikisha Lushebere, karibu na Masisi centre, wakati wa mavuno ya maharagwe, na hapo nikapata kazi ya kubeba magunia ya Mama Roza, mama mmoja mkulima aliyekuwa na nyumba ya mbao juu kidogo ya kambi ya wakimbizi. Aliniita Bilakiti tangu siku ya kwanza, kwa sababu aliponikaribisha nikae nilikula nimesimama mlangoni, nikitazama njia. Jina likashika. Hata watoto wa kambi walikuwa wakiniimbia.

Jiko la Mama Roza lilikuwa nje ya nyumba, mbao zimeachana kiasi kwamba moshi ulitoka pande zote na mvua iliingia upande mmoja tu. Mchana, mvua inapoanza kuteremka kutoka milimani, wanawake wa kambi walikuja kumsaidia kupukuchua maharagwe, naye akawapa ya kupika. Walikaa kwenye mikeka, miguu imenyooshwa, nyungo mapajani, na katikati sufuria kubwa la viazi na maharagwe likichemka kwa sauti ya mtu anayenung'unika peke yake. Desanges alikuwa mtoto wa dada yake Mama Roza. Alikuwa na miaka ishirini na mmoja, mwembamba, na alijua kunyamaza kuliko mtu yeyote niliyepata kukutana naye. Hakupukuchua. Alikaa karibu na ule upande usiovuja, akawasomea wenzake hadithi aliyoitunga mwenyewe, kaye juu ya goti. Mama Roza alisema mikono ya mtoto huyo ilivunja maharagwe, afadhali ifanye kazi ya mdomo.

Siku niliyomsikia mara ya kwanza nilikuwa ndiyo kwanza nimetua gunia. Alianza hivi: "Katika nchi ya Saluwe mwezi haukondi. Usiku wote ni wa mwezi mzima." Niliona sentensi hiyo ni nzuri sana, na bado naiona nzuri. Lakini Mama Sifa, mama mmoja wa kambini mwenye mabega mapana aliyetoka kilima cha upande wa pili wa Masisi, aliacha mikono ndani ya ungo.

"Ngoja kwanza. Mwezi haukonde hata kidogo?"

"Hata kidogo, Mama."

"Siku yote iko muzima?"

"Siku yote."

"Sasa mwanamuke wa kule atajua namna gani kama iko na mimba?"

"Atajua wakati tumbo itamutangulia ku mulango," Mama Roza akasema, na jiko zima likacheka mpaka mtoto aliyelala akaamka.

Desanges alifunga kaye. Alikuwa ameandika mwezi ule kwa sababu ya uzuri wake. Hakujua kwamba ukiufunga mwezi unakuwa umefunga pia tarehe za kuzaa, za kulima na za kulipa mahari. Nilimwona anaumia, na mimi nina ugonjwa mmoja: nikiona kitu kimekwama siwezi kupita bila kukigusa. Nikasema kutoka mlangoni, "Kama juu hakuna kitu cha kuhesabu, si wahesabu chini?"

"Chini wapi, Bilakiti?"

"Mu shamba."

Wakatazamana. Mama Roza akanielekezea mwiko. "Haya. Tangu leo njo weye minisitri wa siku. Desanges ataleta watu, weye utaleta siku. Na kama siku yako iko mubaya, tutakuangusha kama minisitri ingine."

Njo kwetu ni ndiye, yaani waziri wa siku ni mimi. Hivyo ndivyo nilivyopata cheo cha pekee maishani mwangu, nacho nilikichukua kwa uzito wote. Nilianza na mkono, siku tano, kwa sababu vidole vimeshahesabiwa tayari na havipotei: Siku ya Soko, Siku ya Kuni, Siku ya Maji, Siku ya Jembe, Siku ya Kukaa. Kisha nikataka kipimo kikubwa zaidi, nikachukua haragwe, tangu kuzikwa ardhini mpaka kukauka. Hapo ndipo bunge lilipowaka. Mama Roza alitaka haragwe la kupanda juu ya fito, lile linalokawia mpaka karibu miezi minne. Wengine walitaka la chini, la miezi mitatu. Walibishana mvua mbili nzima. Mama Sifa ndiye aliyekata shauri: "Saluwe hakuna fito. Fito zote walishajenga nazo kambi." Tukacheka, ingawa tuliokuwa tumeiona kambi tulijua anasema nini, na haragwe la Saluwe likawa la chini, mikono kumi na minane, siku tisini kamili. Juu ya haragwe nikaweka muhogo. Kwetu juu milimani, penye baridi, muhogo unakaa ardhini miaka miwili kabla haujajaza sufuria, kwa hiyo muhogo mmoja ukawa maharagwe manane. Hesabu yote ilikaa katika ukurasa mmoja. Niliichora kwa mkaa kwenye ubao wa jiko, na wiki iliyofuata nikasikia mama mmoja kambini akimwambia mwenzake, "Njoo tuende kutafuta kuni, leo si ni Siku ya Kuni?" Nilikuwa nimebeba gunia, na nadhani nililibeba mpaka nikapita nyumba.

Sasa Desanges alipopata siku, hadithi yake ikapata miguu. Mfalme wa Saluwe aliigawa nchi sehemu mbili, milima juu na msitu wa Ombeto chini, akaamuru kila nyumba itoe mtu mmoja wa kuteremka msituni. Mke aliyeitwa Mwinja akabaki mlimani, mume wake Kasole akapewa msitu. Walipofika kwenye daraja la mpakani hawakuwa na mwezi wa kuapia, kwa hiyo walikata mti mmoja wa muhogo vipande viwili. "Tuipande siku moja, weye kwako na mimi kwangu," Kasole akasema, "na siku utang'oa wako, kuja hapa ku daraja. Na mimi siku nitang'oa wangu, nitakuja." Lakini mlinzi wa daraja alikuwa na sheria: hakuna mtu wa kukaa pale zaidi ya mikono minne. Siku ishirini zikiisha, unafukuzwa.

Nakumbuka jinsi nyungo zilivyosimama Desanges alipoisoma ahadi hiyo. Hata sufuria lilionekana kusikiliza. Mama Sifa hakuinua macho. Baadaye, tukiwa wawili tu tunafunga magunia, Mama Roza aliniambia kwa sauti ya chini kwamba siku ya kukimbia, mume wa Mama Sifa alishika njia ya Walikale na mtoto mkubwa, yeye akashika njia ya huku na mdogo, kila mmoja akidhani mwenzake yuko nyuma yake. "Haongeaka hiyo maneno," akasema. "Usimuulize." Sikumuuliza. Lakini tangu hapo nilijua hadithi hii haisomwi kwa ajili ya kupitisha mvua tu. Kila siku Mama Sifa alifika wa kwanza, na kila siku aliuliza jambo moja tu kabla ya kuketi: "Kumebaki maharagi ngapi?" Desanges alimjibu kwa maharagwe yaliyobaki kabla Mwinja hajang'oa: yamebaki matano, yamebaki manne.

Yalikuwa yamebaki matatu siku Mama Kashindi alipokuja. Alikuwa mgeni kambini, mwenyeji wa Walikale, mdogo wa umbo, na kicheko chake kilianzia tumboni. Mama Roza alimpa ungo na mahali pa kukaa, na kwa kuwa ni mgeni Desanges alirudia ahadi ya daraja ili asipotee njia. Mama Kashindi alisikiliza kwa adabu mpaka mwisho. Kisha kicheko kikamtoka.

"Munangojea nini? Ule bwana alishafika na kurudi zamani!"

"Namna gani?" Desanges akauliza.

"Si munasema iko mu pori? Mu pori kuko joto, dada yangu. Kwetu muhogo ni mwaka moja. Mwaka moja, unang'oa, unakula. Ninyi huku njo munangojea miaka mbili sababu ya hii baridi yenu. Ule bwana aling'oa yake, akakuja ku daraja, akangojea ile siku makumi mbili, bakamufukuza, akarudi. Muke wake iko bado napalilia!"

Alicheka peke yake, na alipoona yuko peke yake akashika mdomo. Mimi nilitazama ubao wangu wa mkaa. Sote mle ndani tulikuwa watu wa milimani, na hakuna hata mmoja aliyefikiri kwamba muhogo unaweza kuwa na haraka mahali pengine. Kosa lilikuwa la kwangu kuliko la mtu yeyote: mimi ndiye waziri, mimi ndiye niliyejidai nimetembea, na barabara ya Walikale nilikuwa sijaikanyaga. Mama Sifa aliweka ungo chini polepole, akamfunga mtoto mgongoni, akatoka kwenye mvua. Kesho yake hakuja. Wala kesho kutwa.

Nilimwambia Desanges abadilishe. Kitu rahisi: amvushe Kasole mahali penye baridi, au aseme walipanda viazi. Alinitazama kama mtu aliyeambiwa aibe. "Nilishawasomea. Kitu walishasikia siwezi kukitoa mu masikio yao. Kama ni bongo, Mama Sifa atajua ni bongo, na hatakuja tena." Bongo ndiyo uwongo kwetu. Akaongeza, "Weye njo minisitri. Tafuta."

Nikatafuta. Mlimani muhogo mmoja, siku mia saba na ishirini. Msituni muhogo mmoja, siku mia tatu na sitini. Nikaona mara moja kwamba miwili ya chini inalingana na mmoja wa juu, nikaruka kwa furaha, kisha nikaketi. Haikulingana. Kasole alipokwenda darajani mara ya kwanza alitumia mikono miwili njiani, minne kungoja, miwili kurudi. Siku arobaini. Akifika nyumbani ndipo apande tena, basi muhogo wake wa pili umechelewa siku arobaini, na Mwinja ataruhusiwa kukaa darajani siku ishirini tu. Watapishana tena. Wataendelea kupishana mpaka wafe, kwa hesabu yangu mwenyewe. Niliirudia usiku na mchana, nikaipindua kila upande. Siku arobaini hazikutoka.

Kiangazi kilipofika nikasema nitaenda Walikale kuangalia. Sikujua nakwenda kuangalia nini hasa; nilijua tu kwamba nimekosea mara moja kwa kusema juu ya mahali nisipopajua. Mama Roza alinifungia viazi vya kuchemsha katika majani ya ndizi. "Muangalie vizuri," akawaambia wale waliokuwepo, "hii mugongo hamutaiona tena." Mama Kashindi akasema nikifika kwao nitaonja lituma, ndizi ya kuponda yenye mawese, na baada ya hapo nitasahau hata jina la Lushebere. Desanges alikuja wa mwisho. Alinipa karatasi moja iliyokatwa kwenye kaye, tupu, niandike jibu juu yake.

Njia ilinichukua siku tano, kupitia Nyabiondo, kisha kuteremka, kuteremka, mpaka baridi ikaniacha na koti likawa mzigo. Miti ilisogeleana. Niliuliza wakulima watatu, na wote watatu walinijibu kama Mama Kashindi: mwaka mmoja, wakati mwingine hata kabla. Kwa hiyo nilikuwa na jibu, na lilikuwa lile lile baya. Hapo, Neema, nitakwambia jambo ambalo mama yako hakulijua. Sikurudi. Kulikuwa na watu wanaobeba vyakula kwenda machimboni ndani ya msitu, walitafuta mgongo, na mimi nilikuwa nao. Nikajiambia kwamba mtu hatembei siku tano kupeleka habari mbaya. Nilibeba wiki ya kwanza, ya pili, ya sita. Nilikula lituma, na Mama Kashindi hakudanganya. Nilikuwa na mambo mapya ya kuona kila siku, mto Lowa, ndege nisiowajua majina, na karatasi ya Desanges ilikuwa imekunjwa ndani ya kofia yangu, bado tupu.

Siku moja tulipumzika kando ya shamba, na mwenye shamba alikuwa anang'oa mihogo. Aliitwa Papa Leoni, mzee mkavu, kaptula imefungwa kwa kamba. Aling'oa shina, akakung'uta udongo, akavunja mihogo akaitupa kwenye kikapu. Kisha, bila hata kusimama wima, akakata pingili kutoka kwenye mti ule ule, akaichomeka ndani ya shimo lile lile, akakanyaga kwa kisigino. Akahamia shina la pili. Ng'oa, kata, chomeka, kisigino. Nilimtazama mashina manne kabla moyo wangu haujaanza kwenda mbio.

"Papa, unapanda leo leo?"

"Unaona napika?"

"Lakini bado hujamaliza kuvuna."

"Mutoto ya Masisi, weye," akasema, kwa kuwa walitutambua kwa maneno yetu. "Shimo hailalaka bule. Ukitoa, unarudisha. Kisha njo unaenda kwenye unaenda."

"Na kama uko na safari? Safari ya lazima, hata huwezi kungoja?"

"Safari itanikataza kukanyaga na mguu? Nitaenda nayo, ile mguu." Wenzangu wakacheka. "Baba yangu alifanya vile, na baba yake. Hata muvivu wa hapa anafanya vile. Kwa nini unaandika? Weye ni agronome, bwana shamba?"

Nilikuwa nimetoa karatasi kofiani. "Hapana, Papa. Kuko mwanamuke moja ku daraja. Nilikuwa nafikiri bwana yake atachelewa siku makumi ine."

Papa Leoni alitazama wenzangu kuuliza kama nina homa. Sikujali. Kasole ni mtu wa Ombeto sasa, anaishi kama wanavyoishi watu wa huko. Siku ile ile aliyong'oa muhogo wa kwanza alirudisha pingili shimoni kabla ya kushika njia. Wakati alipokuwa amekaa darajani anamngoja mtu asiyekuja, muhogo wa pili ulikuwa tayari unatoa majani nyumbani. Siku arobaini hazikupotea. Hazikuwahi kupotea. Niliufikisha mzigo ule machimboni kwa sababu nilikuwa nimeupokea, na asubuhi yake nikageuza mgongo. Siku tano za kuteremka zikawa saba za kupanda. Watu wengi wameniona nikiondoka katika maisha yangu. Tangu niache shule, waliowahi kuniona nikirudi ni wale wa Lushebere, na nilipotokea chini ya nyumba Mama Roza aliita kwa sauti ambayo nina hakika ilifika Masisi centre: "Eeeh! Minisitri! Serikali ilikuwa inaanguka!"

Desanges alisoma karatasi akiwa amesimama, akaingia ndani, na hakutoka mpaka kesho yake mchana. Mvua za kwanza zilikuwa zimerudi. Jiko lilijaa kuliko nilivyopata kuliona, maana Mama Kashindi alikuwa ametangazia kambi nzima. Mama Sifa naye alikuja. Hakukaa kwenye mkeka. Alisimama mlangoni, mtoto mgongoni, kama mtu aliyepita kuomba moto.

Desanges akasoma. Kasole anang'oa, anakata, anachomeka, anakanyaga. Anakwenda darajani. Anangoja mikono minne. Anafukuzwa. Anarudi nyumbani amevunjika, na pale nyuma ya nyumba anakuta muhogo umefika magotini, "kwa maana mikono yake ilikuwa imepanda bila kumuuliza moyo."

"Simama," Mama Sifa akasema kutoka mlangoni. "Alirudisha mu shimo siku gani?"

"Siku ile ile, Mama. Mbele ya kushika njia."

"Alijua kama muke hatafika?"

"Hakujua."

"Sasa alikuwa anapanda sababu ya nini?" Desanges alirudi ukurasa mmoja nyuma kutafuta. Mama Sifa hakumngoja. "Na nani aliona muntu anapanda vile? Ao munataka kutuliza mimi?"

Watu wote walinigeukia. Nimeulizwa maswali mengi na watu wenye mihuri na vyeo, na mara nyingi nimejibu nikitazama chini. Siku ile nilimtazama machoni. "Mimi, Mama. Ku Walikale, na macho yangu mbili. Shamba ya Papa Leoni, kando ya njia. Nilimuuliza. Anasema shimo hailalaka bule."

"Kwetu hata muvivu anafanya vile," Mama Kashindi akadakia. "Mungeniuliza! Munaniona tu nacheka."

Mama Sifa aliinama, akachota maharagwe kwenye ungo wa jirani. Akapanga manane kwenye mkeka, mstari mmoja. Chini yake akapanga manne, na bila kuacha nafasi akapanga manne mengine. Akapitisha kidole kutoka upande mmoja hadi mwingine, juu na chini, mpaka mwisho wa mistari, na mistari iliishia mahali pamoja. "Iko sawa," akasema. Akamfungua mtoto mgongoni, akaketi.

Nimeishi miaka mingi tangu neno lile, na nimepewa sifa mara moja moja, kwa redio iliyopona au nywele zilizokatwa vizuri. Hakuna iliyofika pale. Mama yule hakumpata mume wake mwaka ule, na sitadai kwamba kalenda yangu ilimleta mtu yeyote kutoka popote. Lakini alikuja kukagua hesabu akiwa na kila sababu ya kuikataa, naye akaikuta nzima.

Desanges alifungua ukurasa wa mwisho. Mwinja anang'oa muhogo wake wa kwanza mlimani, Siku ya Soko. Kasole anang'oa wa pili msituni, Siku ya Soko hiyo hiyo. Mikono miwili ya njia kwa kila mmoja. Wanatokea katika ncha mbili za daraja, asubuhi, na hakuna anayekimbia, kwa sababu kila mmoja anaogopa kwamba yule wa upande wa pili ni mtu mwingine. Kisha wanafika katikati. Desanges alivuta pumzi kuendelea.

"Wako na nini mu mikono?" Mama Sifa akauliza.

"Mihogo, Mama."

"Wote mbili?"

"Wote mbili."

"Mihogo mbili bila mboga!" Mama Roza akapiga makofi. "Desanges, hawa watu wamelala njaa miaka mbili, na weye unawapa mihogo ya kukauka?"

"Bwana alete mawese," Mama Kashindi akasema. "Mutu hatokake ku pori bila mawese."

"Na muke alete maharagi. Iko na maharagi nane ya kuhesabu, atashindwa kupika hata moja?"

"Na sombe!"

"Sombe itaharibika njiani."

"Atakata pale pale, majani iko ku mihogo!"

"Lakini kuko bado maneno yao," Desanges akasema, akijaribu kuinua sauti juu ya zile nyingine. "Wanaongea. Niliandika kurasa mbili, ni mazuri..."

Mama Sifa alinyoosha mkono, akaufunika ukurasa kwa kiganja. "Acha wale kwanza, mutoto wangu," akasema. "Maneno iko mingi. Itangojea."

Desanges alimtazama, kisha akatazama kurasa zake mbili. Akachukua biki, akazipiga mstari kutoka juu mpaka chini, na hapo pembeni akaandika maneno ya Mama Sifa, hivyo hivyo.